JE, WAJUA? Kikosi cha watumwa kilichopigania uhuru wa Marekani

Leo naomba tuweke pembeni kidogo mambo ya wabunge na bei ya mafuta. Kuna historia moja ambayo nimekuwa nikiifuatilia kwa muda, na naona wengi wetu tunaijua kupitia filamu tu. Na filamu, kama mnavyojua, ina uongo wake.

Nadhani wengi mmeona The Patriot ya Mel Gibson, ile ya mwaka 2000. Mle ndani kuna mtumwa mweusi anayejiunga na mgambo wa South Carolina. Inafika mahali inasomwa amri kwamba mtumwa akitumikia mwaka mmoja jeshini, anakuwa huru. Watu kwenye mabanda ya video walishangilia. Tatizo ni kwamba Jenerali George Washington hakuwahi kutoa amri ya namna ile. Na South Carolina yenyewe, ambako hadithi inatokea, ilikataa kabisa kuwapa watumwa bunduki.

Sasa kuna mahali ambapo jambo linalofanana na lile lilitokea kweli. Ni koloni dogo kuliko yote, Rhode Island. Ila masharti yake yalikuwa magumu na mlango ulifungwa mapema. Kama dakika zako za kafe zinakwisha, hifadhi ukurasa huu usome baadaye, maana maelezo ni marefu kidogo.

KWANZA, JESHI LENYEWE LILIKUWAJE?

Tusidhani kwamba Marekani ilianza na jeshi moja kubwa kama la leo. Kabla ya uhuru kulikuwa na makoloni 13 ya Mwingereza, kila moja na bunge lake, sheria zake na mgambo wake. Mgambo huo ni wa zamani sana. Tarehe 13 Desemba 1636 koloni la Massachusetts Bay liliamua kuwapanga wanaume wake katika rejimenti tatu. Hadi leo jeshi la akiba la Marekani linahesabu tarehe hiyo kuwa siku yake ya kuzaliwa.

Utaratibu ulikuwa rahisi. Mwanaume mwenye nguvu anakuja na bunduki yake, anafanya mazoezi siku kadhaa kwa mwaka na watu wa kijiji chake, halafu anarudi shambani. Kapteni wake mara nyingi ni jirani yake. Vita na wenyeji wa asili, kama vile ile ya 1675 hadi 1676 dhidi ya chifu Metacom, ilipiganwa na watu wa namna hii. Ni mgambo hasa, kama tunavyoujua huku kwetu.

Lakini si kila mtu alikubaliwa. Mwaka 1656 Massachusetts ilipitisha sheria ya kuwaondoa weusi na Wahindi Wekundu kwenye mazoezi ya mgambo. Sababu haihitaji profesa kuieleza. Ukimfundisha mtu unayemnyonya kutumia bunduki, usiku hulali vizuri. Hata hivyo vita ikishika kasi na watu wakipungua, sheria kama hizi zilisahaulika, halafu hatari ikipita zinakumbukwa tena. Wekeni hilo akilini, kwa sababu litajirudia katika habari hii yote.

Vita ya uhuru ilianza Lexington na Concord tarehe 19 Aprili 1775. Kongresi ikaunda jeshi la pamoja Juni mwaka huo, na Washington akapewa uongozi. Hata jeshi hilo la pamoja lilikuwa mkusanyiko wa rejimenti za makoloni. Mwaka 1776 Kongresi iligawa mzigo: rejimenti 88 kwa jumla, Massachusetts 15, Virginia 15, Pennsylvania 12, na kuendelea hivyo hadi Georgia moja. Rhode Island walitakiwa kutoa mbili. Kwenye karatasi rejimenti moja ilitakiwa kuwa na watu zaidi ya 700. Kwenye karatasi tu! Hali halisi ilikuwa nusu yake au pungufu ya hapo.

Kwa nini watu walikuwa wanapungua? Mkataba wa askari wengi wa mwanzo ulikuwa wa miezi michache, na ulipokwisha mtu alirudi kuvuna mahindi yake. Kongresi ikaahidi dola 20 na ekari 100 za ardhi kwa atakayekaa hadi vita iishe. Lakini zile dola za karatasi zilishuka thamani vibaya sana. Kufikia Machi 1780 Kongresi wenyewe walikubali kwamba dola 40 za karatasi ni sawa na dola moja ya fedha. Ongeza ndui, njaa na baridi, utaelewa kwa nini vijana wenye mashamba yao hawakupanga foleni.

BUNDUKI ZAO

Niseme kidogo kuhusu silaha, maana kuna mdau lazima ataniuliza. Zilikuwa ni gobori. Unamimina baruti mdomoni mwa bunduki, unatia risasi ya duara, unashindilia kwa fimbo, ndipo unafyatua. Askari aliyezoea alipiga risasi tatu hivi kwa dakika. Zaidi ya mita 100 ilikuwa ni kubahatisha tu.

Ndiyo maana walisimama kwa mstari bega kwa bega na kufyatua pamoja. Mtu mmoja hawezi kulenga vizuri, lakini watu 200 wakifyatua kwa mpigo ni ukuta wa risasi. Kazi kubwa ya askari wa miguu ilikuwa kusimama pale pale wakati ukuta wa adui unakuja, bila kukimbia. Hilo linataka mazoezi ya miezi, na mgambo wa siku chache hawakuwa nayo. Kwa hiyo Washington alitaka watu wa kukaa miaka, si miezi.

WEUSI WALIKUWEPO TANGU SIKU YA KWANZA

Kwenye vita ya Bunker Hill, tarehe 17 Juni 1775, weusi walikuwepo mstarini. Mmoja wao ni Salem Poor, ambaye maofisa 14 waliandika barua kwa bunge la Massachusetts kusema alipigana kama askari hodari. Mweusi mwingine anayekumbukwa kwa siku hiyo ni Peter Salem.

Washington alipofika Boston mwezi Julai akakuta askari hawa. Yeye alikuwa bwana wa watumwa kutoka Virginia, na hakupenda alichokiona. Ikatoka amri weusi wasiandikishwe tena.

Halafu Novemba 1775 gavana wa Mwingereza kule Virginia, Lord Dunmore, akatoa tangazo: mtumwa wa mwasi yeyote akitoroka na kujiunga na jeshi la mfalme, yuko huru. Ndani ya wiki chache watu kama 300 walikuwa wamefika kwake. Akawaundia kikosi akakiita Kikosi cha Waethiopia. Tusimpambe Dunmore, yeye mwenyewe alikuwa na watumwa, na wake hawakuguswa na tangazo. Alikuwa anatafuta askari na kuwakomoa waasi. Wengi wa waliomkimbilia walikufa kwa ndui.

Lakini ujumbe ulifika. Mwisho wa Desemba Washington akalegeza, akaruhusu weusi huru waliokuwa jeshini waandikishwe upya. Watumwa bado hapana.

SASA TWENDE RHODE ISLAND

Ili muelewe uzito wa kilichofuata, lazima mjue Rhode Island ilikuwa ni nini. Bandari yake ya Newport ilikuwa kitovu cha biashara ya watumwa kwa upande wa makoloni. Meli zilitoka pale na mapipa ya pombe ya miwa, zikaenda pwani ya Afrika Magharibi, zikabadilisha pombe na watu. Kuanzia mwanzo wa miaka ya 1700 hadi 1807 wafanyabiashara wa koloni hili waligharamia safari zaidi ya 900, na kusomba Waafrika takriban 100,000. Hesabu ya watu ya 1774 ilionyesha Rhode Island ina watu chini kidogo ya 60,000, na weusi walikuwa zaidi ya 3,600. Wengi wao walikuwa watumwa.

Desemba 1776 Mwingereza akaiteka Newport. Koloni likapoteza bandari yake kubwa, kipato na sehemu kubwa ya watu wake. Na huku Kongresi inadai rejimenti mbili zijae.

Basi Januari 1778, wakati jeshi la Washington linatetemeka kwa baridi kambini Valley Forge, Jenerali James Mitchell Varnum wa Rhode Island akapeleka pendekezo: askari waliobaki wa rejimenti mbili waunganishwe kuwa moja, na maofisa wa ile nyingine warudi nyumbani kuandikisha weusi. Washington aliipeleka barua hiyo kwa gavana Nicholas Cooke siku ile ile. Hakusema ndiyo, hakusema hapana.

Februari 1778 bunge la Rhode Island likapitisha sheria. Kila mtumwa mwanaume mwenye afya, awe mweusi, chotara au Mhindi Mwekundu, aliruhusiwa kujiandikisha kwa muda wote wa vita. Akishakaguliwa na Kanali Christopher Greene na kupita, anakuwa huru hapo hapo, kana kwamba hakuwahi kuwa mtumwa. Mshahara na marupurupu sawa na askari mwingine yeyote. Akiugua asiweze kujitunza, aliyekuwa bwana wake hadaiwi kitu.

Na bwana je? Bwana analipwa. Hadi pauni 120 kwa mtumwa bora. Hapo ndipo penye jambo. Serikali inayopigania uhuru ilikuwa inanunua watu kutoka kwa raia wake ili wakapiganie uhuru huo.

Msidhani hilo ni wazo langu la leo. Wabunge sita walilisema siku zile zile na kuandika pingamizi rasmi. Walisema dunia itaona kwamba jimbo limenunua kundi la watumwa ili watetee haki na uhuru wa nchi, na adui atawacheka. Pia walisema bei haitawaridhisha wenye mali na watumwa wa kutosha hawatapatikana. Yaani katika waraka mmoja wana hoja ya haki na hoja ya mfuko. Mimi nadhani hoja ya mfuko ndiyo iliyokuwa na nguvu, kwa sababu ya kilichofuata.

Mabwana walianza vurugu. Kuna waliowatisha watumwa wao kwamba watawekwa mbele wafe kwanza, na wakitekwa watauzwa visiwa vya Karibiani. Mei bunge likageuka: mwisho wa kuandikisha watumwa ni tarehe 10 Juni 1778. Miezi minne tu tangu sheria ipite, mlango ukafungwa! Waliowahi kupita ni mia moja na kitu. Ndugu zao waliochelewa, au waliokuwa wagonjwa, au wanawake na watoto wao, walibaki pale pale walipokuwa.

Hebu fikiria wewe ni mmoja wao. Una miaka 20. Ukijiandikisha unakuwa huru leo, lakini mama na dada yako bado ni mali ya bwana uliyemwacha. Na vita ikishindwa, uhuru wako unaweza kuishia pale pale. Bado walikwenda.

TAREHE 29 AGOSTI 1778

Mazoezi walipata miezi michache tu. Agosti mwaka huo Wamarekani chini ya Jenerali John Sullivan walijaribu kuikomboa Newport wakisaidiwa na manowari za Kifaransa. Dhoruba ikazipiga manowari, Wafaransa wakaondoka kwenda Boston kutengeneza meli. Mgambo waliokuja kusaidia wakaanza kurudi makwao kwa maelfu. Sullivan akabaki hana la kufanya ila kurudi nyuma, na Mwingereza akamfuata.

Kikosi cha weusi, siku hiyo kikiongozwa na Meja Samuel Ward Mdogo, kiliwekwa upande wa kulia wa mstari, mahali palipopata kishindo kikubwa. Wanahistoria wengi wanataja watu kama 140. Waliokuja kuwashambulia walikuwa Wahesse, askari wa Kijerumani waliokodiwa na mfalme wa Uingereza, watu ambao kazi yao ilikuwa vita. Wakaja mara ya kwanza, wakarudishwa. Ya pili, wakarudishwa. Ya tatu vilevile. Jeshi likavuka maji salama usiku wa kuamkia tarehe 31. Sullivan akaandika kwamba kikosi kile kinastahili fungu lake la heshima ya siku ile.

Kumbukeni nilichosema kuhusu kusimama mstarini. Hawa walikuwa watumwa miezi sita kabla.

HADI YORKTOWN

Mwanzoni mwa 1781 rejimenti mbili za Rhode Island ziliunganishwa kuwa moja, weusi na weupe. Mei 14 mwaka huo, karibu na mto Croton kule New York, Wamarekani waliokuwa upande wa mfalme walivamia kambi alfajiri. Kanali Greene aliuawa, na askari kadhaa weusi waliuawa pamoja naye.

Luteni Kanali Jeremiah Olney akachukua uongozi, na rejimenti ikaenda Yorktown, Virginia. Usiku wa Oktoba 14, 1781 sehemu ya askari wake walikuwa miongoni mwa walioingia kwa singe kwenye ngome namba 10 chini ya Alexander Hamilton, yule ambaye sura yake iko kwenye noti ya dola 10. Siku tano baadaye Cornwallis akasalimu amri.

Ofisa mmoja wa jeshi la Ufaransa, Baron von Closen, aliiona rejimenti hii mwaka huo, akaandika kwamba sehemu kubwa ni weusi na kwamba ndiyo iliyovaa nadhifu na kujipanga vizuri kuliko zote. Mwenzake, Jean Baptiste Antoine de Verger, alichora picha ya rangi ya askari wa Kimarekani, na wa kwanza kushoto ni mweusi wa Rhode Island. Picha hiyo ipo hadi leo.

BAADA YA HAPO JE?

Rejimenti ilivunjwa Juni 1783. Watu walioanza tangu 1778, miaka mitano, walirudi makwao kwa miguu. Mshahara? Ahadi tu na vyeti vya karatasi. Baadhi ya waliokuwa mabwana walijaribu kuwarudisha utumwani, na Olney ni mmoja wa waliosimama kuwatetea askari hao na kudai malipo yao. Pensheni ya kueleweka kwa askari maskini wa vita hiyo ilikuja mwaka 1818. Miaka 35! Wengi walishakufa.

Rhode Island ilipitisha sheria 1784 kwamba watoto wa watumwa watakaozaliwa kuanzia Machi mwaka huo watakuwa huru. Wale waliokwisha kuzaliwa waliendelea. Na meli za Newport zikarudi kazini.

Halafu 1792 Kongresi ikapitisha sheria ya mgambo kwa nchi nzima. Nani anaandikishwa? Raia mwanaume, huru, mwenye afya, mweupe. Imeandikwa hivyo hivyo. Ni 1656 imerudi tena. Hatari ilipita, sheria ikakumbukwa. Weusi wangepigana tena New Orleans mwanzoni mwa 1815, tena kwa maelfu kwenye vita ya wenyewe kwa wenyewe, lakini ubaguzi jeshini haukuamriwa kukomeshwa hadi Rais Truman mwaka 1948.

Na wale wa South Carolina? Machi 1779 Kongresi iliwashauri wao na Georgia waandikishe watumwa 3,000, serikali ilipe mabwana. Kijana wa kwao, John Laurens, alipigania wazo hilo hadi alipouawa 1782. Bunge la South Carolina lilikataa kila alipolileta. Walikuwa tayari Mwingereza awashinde kuliko kuona mtumwa ana bunduki. Hiyo ndiyo sehemu ambayo filamu haikutuambia.

Tusisahau waliochagua upande wa pili. Vita ilipokwisha, weusi takriban 3,000 waliondoka New York na meli za Mwingereza kwenda Nova Scotia, huko Kanada. Baridi na dhuluma vikawashinda. Mwaka 1792 karibu 1,200 kati yao walivuka bahari kurudi Afrika na kuanzisha Freetown, Sierra Leone. Mmoja wao aliitwa Harry Washington. Jina la ukoo mnalijua: alikuwa mtumwa wa George Washington, akatoroka 1776. Wakati bwana wake akiwa rais, Harry alikuwa anajenga nyumba yake Freetown.

MAONI YANGU

Wanahistoria wanakadiria weusi kama 5,000 walipigana upande wa Marekani, na wengi zaidi walikimbilia kwa Mwingereza. Kuna watu wanaowaita wa pili wasaliti. Mimi sioni hivyo. Mtumwa hakuwa akichagua kati ya Mfalme George na Kongresi. Alikuwa akiuliza nani atampa uhuru wake, lini, na kwa maandishi yapi. Rhode Island ilimjibu kwa miezi minne, ikaacha. Wale mia moja na kitu waliitumia nafasi hiyo mara moja, na walilipa gharama yake mstarini. Uhuru wao hawakuupewa bure na bunge, ingawa sheria inasomeka kama zawadi.

Leo mjini Portsmouth, Rhode Island, kuna mnara wa kumbukumbu wa kikosi hicho. Na mwaka 2020 wananchi wa jimbo hilo walipiga kura kuondoa maneno kuhusu mashamba makubwa kwenye jina rasmi la jimbo lao, kwa sababu yaliwakumbusha utumwa.

Sasa zamu yenu wadau. Ungekuwa wewe kijana wa miaka 20 Rhode Island mwaka 1778, ungejiandikisha kwa Kanali Greene, au ungetoroka usiku kwenda kwa Mwingereza? Na je, wale wabunge sita walikuwa na haki kusema kununua askari ni aibu, hata kama aliyenunuliwa anatoka huru? Andikeni hapo chini. Hoja zote nitaziacha, hata za kunipinga. Matusi nitafuta.